Mama Loveness, Mhesabu Muda wa Mwabusiga

Baada ya miaka ishirini na minane ya utumishi, Bi. Vumilia Maganga, ambaye karibu wote tunamwita Mama Loveness, alistaafu rasmi tarehe 30 Juni 2025 katika Kituo cha Uokoaji cha Mwabusiga. Ndiye mhesabu muda wa kwanza kuajiriwa na ushirika wetu wa wachimbaji wadogo, na kwa miaka mingi alikuwa peke yake katika kazi hiyo. Mhariri wa jarida hili ameniomba niandike wasifu wake kwa sababu nimekaa naye karibu kuliko wengine: kati ya winchi yangu na kiti chake kuna pipa moja tu la maji. Nimekubali kwa furaha, kwa sharti kwamba asinipunguzie maneno.

Kwa mujibu wa cheti cha kuzaliwa, Mama Loveness ana miaka hamsini na mitatu. Kwa mwili alikuwa na sitini. Nasema alikuwa, kwa sababu jambo hilo lilibadilika asubuhi ya siku yake ya mwisho kazini, kama nitakavyoeleza. Nitakwenda kwa mpangilio, maana yeye mwenyewe hana subira na msimuliaji anayerukaruka.

Kwa wanaolisoma jarida letu kwa mara ya kwanza, kazi ya mhesabu muda ni hii. Duara, yaani shimo la kuchimbia dhahabu, likiporomoka, waliofukiwa hubaki na hewa kidogo, na kuwafukua huchukua muda mrefu kuliko hewa hiyo. Hapo mhesabu huketi mdomoni mwa duara, huhesabu kinyumenyume kuanzia idadi ya waliofukiwa mpaka afike moja, kisha huishikilia hiyo moja. Maadamu ameishikilia, muda wa chini unakaribia kusimama. Sisi juu tunachimba mchana kutwa, wao chini wanavuta pumzi chache tu.

Lakini muda hautengenezwi, unahamishwa, na lazima utoke kwa mtu. Ndiyo maana watu waliozunguka duara humsogelea mhesabu kabla hajaanza na kumnong'oneza namba sikioni, kila mmoja kwa kadiri alivyojaliwa: huyu saa moja, yule nusu siku. Ukishanong'ona, kiasi hicho kinakupita bila wewe kukiona. Umemiminiwa chai ya moto, unainua kikombe, tayari imepoa na jua limeshahamia upande wa pili. Kazi ya mhesabu ni pamoja na kutunza siri: namba uliyomnong'oneza haitajwi kwa mwingine, iwe kubwa au iwe ya aibu.

Mama Loveness alizaliwa na kukulia kwenye boma la wafugaji, nje ya mji wa Shinyanga. Baba yake hakuwahi kuwahesabu ng'ombe wake kwa kidole, wala watoto wake. Kwa Wasukuma wa rika lake kiumbe hai hahesabiwi, na mtu anayekuja nyumbani kwako akaanza kuhesabu vichwa haalikwi tena. Jioni mzee yule alihesabu vigingi vya kufungia, na kigingi kilichobaki bila kamba kilimwambia alichotaka kujua. Binti yake aliijua hesabu ya namna hiyo kabla hajaijua shule. Alipokuja kwetu mwaka 1997, akitokea Ngokolo, mjini Shinyanga, alikokuwa akiuza duka la vitenge, alikuta wachimbaji wana desturi ya kuvua ndala zao mdomoni mwa duara na kuvaa gambuti kabla ya kushuka. Hapo hapo akaamua: angehesabu ndala. Jozi moja, mtu mmoja, na hakuna aliyenyooshewa kidole.

Mimi ni Mzaramo niliyezaliwa Shinyanga, kwa hiyo Wasukuma ni watani zangu, na utani huo tumeutumia vizuri kwa miaka yote. Nilimwambia siku za mwanzo kwamba watu wake wamezoea ng'ombe mno, hata binadamu wanawafungia vigingi. Alinijibu kwamba watu wangu wasingeweza kazi hii kwa sababu wakifika tano wanataka kupumzika. Alikuwa hajafundishwa bado kucheka kazini. Alijifunza haraka.

Alijaribu kutumia ujuzi wake nyumbani mara moja tu. Alikuwa na haraka, maharage yamegoma kuiva, akasema ayasogeze mbele kidogo. Yaliiva, yakapitiliza, yakachacha, na sufuria ilipofunuliwa jirani zake wa nyumba tatu walifunga madirisha. Tangu siku hiyo amepika kwa kuni na uvumilivu kama sisi wengine.

Halafu kuna suala la fainali. Timu ya kituo ilikuwa ikiongoza kwa bao moja dhidi ya vijana wa makarasha, zile mashine za kusaga mawe ya dhahabu, na dakika za mwisho zilipita kwa kasi iliyomfanya refa aitikise saa yake na kuisogeza sikioni. Mama Loveness alikuwa ameketi jukwaani, midomo imefumbwa, akitazama mawingu. Hajakiri hadi leo. Hata hivyo kanuni za mashindano yetu ziliongezwa kipengele kinachomtaka mhesabu muda yeyote aangalie mechi akiwa upande wa pili wa barabara.

Nilitaka niandike hapa idadi ya watu waliotolewa salama katika miaka yake ya kazi. Amenikataza. Watu hawahesabiwi, amesema, na nikiandika namba hiyo atakuja kuifuta mwenyewe kwenye kila nakala. Basi itoshe kusema kwamba ukisimama sokoni hapa Mwabusiga siku ya gulio, hukosi wa kukuonyesha alama ya jiwe mgongoni na kukutajia jina lake.

Sasa nifike kwenye siku ya Masudi.

Ilikuwa mwaka 2017, kiangazi, asubuhi yenye vumbi. Duara moja upande wa Bulyanhulu liliporomoka katikati, matimba yanayoshikilia kuta yakavunjika, watu wakabaki chini. Tulifika mapema. Mama Loveness alitazama ndala zilizopangwa mdomoni: jozi nane. Watu wakapanga foleni, wakanong'ona, akafunga hesabu kwa nane, akashuka mpaka moja, akaishikilia. Tukaanza kuchimba. Kila kitu kilikwenda kama tulivyozoea, na nakumbuka niliwaza kuwa tutamaliza mapema.

Karibu na adhuhuri akaja Mwahija, mke wa mchimbaji mmoja aitwaye Masudi, amebeba chakula cha mumewe kwenye hotipoti. Akauliza Masudi yuko wapi. Mzee mmoja aliyekuwa akivuta kamba akamtuliza, akimwita mama kwa Kisukuma.

"Mayu, usihofu. Mmeo hayumo humu, ndala zake hazipo."

"Hazipo kwa sababu kashuka nazo!" Mwahija akapiga kelele. "Zile za kwanza si ziliibwa hapa hapa wiki jana? Hizi kazinunua juzi Kahama. Kazitia kwenye mfuko, kajifunga kiunoni. Masudi yumo humo!"

Nadhani hata wale waliokuwa hawamfahamu Masudi walielewa maana yake. Wanane walikuwa ndani ya hesabu, wanavuta pumzi zao chache. Wa tisa alikuwa nje ya hesabu. Kwake yeye asubuhi nzima ilikuwa imepita kama kawaida, dakika kwa dakika, na hewa yake ilikuwa ukingoni. Nilimkimbilia Mama Loveness nikamnong'oneza namba, kubwa kuliko niliyowahi kutoa. Haikuingia. Watu wengine watatu wakajaribu, nao hivyo hivyo. Hesabu ikishafungwa haifunguliwi na mtu mwingine ila aliyeifunga, na muda wa kuiongeza hautoki kwa mwingine ila kwake.

Alikuwa ameishikilia moja, kwa hiyo hakuweza kusema neno. Alinitazama tu. Kisha akavua ndala zake kwa vidole vya miguu, akazisogeza kwa unyayo mpaka zikakaa kwenye mstari pamoja na zile nyingine. Zikawa jozi tisa. Hakuna aliyemwagiza, na sina hakika kama ningekuwa yeye ningefanya hivyo. Napenda kufikiri kwamba ningefanya.

Kumshikilia mtu aliyekwisha kukaribia mwisho ni ghali. Haihesabiwi kwa saa. Nilisimama pale nikaona nywele zake zikibadilika, kwanza pembeni mwa masikio, kisha utosini, na mikono yake ikilegea ngozi juu ya magoti. Niliogopa kuliko nilivyowahi kuogopa maishani mwangu, nikarudi kwenye winchi kwa sababu ndicho kitu pekee nilichojua kufanya. Alasiri tukawatoa wote. Masudi alitoka wa mwisho, macho mekundu, mfuko wake wa ndala bado kiunoni, na watu wakamcheka huku wanalia. Mama Loveness alipoiachia moja na kujaribu kusimama, magoti yalimkatalia. Alikuwa ametoa miaka saba.

Loveness, binti yake, wakati huo alikuwa chuoni. Alikuja siku iliyofuata, akamkuta mama yake ameketi kitandani na mvi kichwa kizima. Masudi naye alikuwa amefika kutoa shukrani. Loveness akamgeukia.

"Ndala! Mama yangu amezeeka kwa ajili ya ndala!"

Masudi hakujitetea. Aliinamisha kichwa, akasema ni kweli, na kwamba yuko tayari kurudisha. Jambo hilo linawezekana: muda uliohamishwa unaweza kurudi, ikiwa mtoaji anatoa kwa hiari yake na yupo mhesabu mwingine wa kuuhesabu, kwa kuwa hakuna mhesabu anayejihesabia mwenyewe. Wakati huo hatukuwa na mhesabu mwingine. Mwaka uliofuata Amira, tuliyempata kutoka Shinyanga mjini, alipohitimu mafunzo aliyopewa na Mama Loveness mwenyewe, Loveness alimtafuta Masudi na kumkumbusha ahadi. Masudi akaja Ngokolo kwenye nyumba ya ukoo wa Mama Loveness, yeye na Mwahija, na Mwahija amebeba kichanga mgongoni, mtoto wao wa kike. Nilikuwepo.

Mama Loveness alikataa. "Nikiipokea kwake," alisema, "nitakuwa nimemtoa shimoni nusu." Loveness alilia kwa hasira, akatazama yule mtoto mgongoni kwa Mwahija, akalia kwa namna nyingine. Kisha akaenda jikoni kuwapikia wageni. Tangu siku ile hakumdai tena Masudi, ingawa najua haikumtoka moyoni. Anayemwona mama yake akishuka ngazi kwa kushika ukuta, akijua kwamba wenzake wa rika moja wanacheza ngoma harusini, hawezi kusahau kirahisi.

Mama Loveness mwenyewe aliyabeba kwa utani. Dada yake mkubwa, Scolastika, amemzidi miaka mitano, na maisha yote alikuwa akipokea shikamoo kutoka kwake. Baada ya siku ya Masudi, wageni wakawa wanamwamkia Vumilia kwanza na kumwita Scolastika binti. Scolastika alifurahia kwa muda wa kama wiki moja. Halafu mdogo wake akaanza kudai shikamoo yake kwa mujibu wa mwili, na kesi hiyo imesikilizwa kwenye kila msiba na kila harusi ya ukoo bila hukumu kutolewa.

Kazini hakupunguza chochote. Alirudi baada ya miezi michache, akabadilisha kitu kimoja tu: siku hizi kila anayeshuka hupewa kipande cha bomba chenye alama yake akitundike mdomoni mwa duara, na ndala mtu aende nazo hata kitandani akitaka. Alimfundisha Amira mpaka Amira akaanza kumkosoa, jambo ambalo lilimfurahisha sana. Lakini magoti yalizidi kuuma. Mwaka jana mkuu wetu wa kituo, Ndugu Boaz, alianza kumwombea apumzike, na akaambiwa kwamba kwa mujibu wa cheti mama huyu bado ana miaka mingi ya kutumikia. Ilibidi madaktari wawili wampime na waandike kwamba mwili walioupima ni wa mtu wa miaka sitini. Maombi yalikwenda, yakarudi, yakaenda tena, na mwezi wa tano yakakubaliwa.

Wakati huo huo Loveness, ambaye sasa anaishi na mumewe Buseresere, alikuwa amejifungua mtoto wa kike, wakamwita Blessing. Alimleta Ngokolo kumwonyesha bibi yake. Bibi akampakata, na baada ya muda mfupi akaomba apokelewe, kwa sababu mikono ilikuwa inatetemeka akaogopa kumwangusha. Loveness akampokea mtoto. Akamwambia mama yake, bila ukali wowote safari hii:

"Mama, sikuombi kwa ajili yangu. Huyu naye ana haki ya bibi."

Mama Loveness alikaa na neno hilo siku kadhaa. Kisha akanipigia simu, akasema kwa sauti ya mtu anayekwenda kung'olewa jino kwamba amekubali, ila kwa masharti yake. Mwenye mtoto mchanga asitoe. Mgonjwa asitoe. Kila mtu atoe kidogo tu, kiasi ambacho angekipoteza bila kukijua. Na Masudi asitoe hata dakika moja. Nilimfikishia Masudi ujumbe huo. Alikubali upesi kuliko nilivyotegemea, akauliza kama basi anaweza walau kusaidia kuhudumia watu siku hiyo.

Tulipanga kazi hiyo ifanyike siku yake ya mwisho, saa nne asubuhi, uani kwa kituo, baada ya barua ya kustaafu kuwa imesainiwa na kugongwa muhuri. Boaz alisisitiza sana juu ya utaratibu huo, na wenye kuelewa wataelewa kwa nini.

Sijapata kuona watu wengi namna ile mahali hapa pasipokuwa na maafa. Walikuja watumishi wote, wakaja wachimbaji wa Bulyanhulu kwa bodaboda, wakaja akina mama wa mgahawa na wale vijana wa makarasha walionyang'anywa kombe. Wale wanane wa duara lile walikuja pamoja, wamevaa mashati yanayofanana. Scolastika alikuja wa kwanza kabisa na kukataa kuketi. Foleni ilizunguka karakana. Kila mmoja aliinama, akamnong'oneza Amira, akapita. Mimi nilitoa Jumapili zangu kadhaa, na sisemi ngapi. Masudi alikuwa akigawa maji. Alimpelekea Amira glasi mara mbili, na mara zote mbili aliinama sana kuiweka.

Kisha Amira akafumba macho, akahesabu. Hakukuwa na kelele wala mwanga. Palikuwa na mama mmoja kwenye kiti cha plastiki, na sisi tumesimama tunamtazama. Mvi hazikuondoka, na tumeambiwa hazitaondoka. Lakini Amira alipomaliza, Mama Loveness alisimama kutoka kwenye kile kiti bila kuweka viganja vyake magotini. Alisimama tu, kama mtu yeyote. Loveness akaziba mdomo wake kwa mikono miwili. Halafu akampa mtoto, na bibi akampokea kwa mkono mmoja, huku ule mwingine akiutumia kumfuta binti yake machozi.

Furaha haikudumu dakika tano kabla mstaafu wetu hajarudi kazini. Alisimama akijisikiliza, kichwa ameinamisha upande, kama tulivyozoea kumwona. Akakunja uso.

"Imezidi," akasema.

Akatutazama mmoja mmoja.

"Hii siyo saba. Imezidi, tena siyo kidogo. Nani amenizidishia? Nilisema kila mtu kidogo! Ajitokeze arudishiwe."

Boaz alipata jambo la kuangalia kwenye paa. Wale wanane wakaanza kukunjuana kola. Scolastika akasema yeye ni mgeni tu hapa. Mama Loveness akamgeukia Amira na kumtaka aeleze, na Amira akamjibu kwa adabu zote kwamba namba iliyonong'onwa haitajwi, na kwamba aliyemfundisha hivyo ni yeye.

Nimeona mvi kidevuni mwa Masudi ambazo sikuziona wiki iliyotangulia. Inawezekana vumbi tu. Sikuuliza, naye Mwahija, aliyekuwa amesimama pembeni yake amemshika mkono, alinitazama kwa namna iliyonifanya nisiulize.

Mama Loveness, umetufundisha kwamba muda lazima utoke kwa mtu, na wewe ndiye uliyeutoa kabla hujatuomba sisi chochote. Kwa niaba ya watumishi wa Kituo cha Mwabusiga, kwa niaba ya wachimbaji na wake zao na watoto wao waliozaliwa baada ya siku zile mbaya, asante. Nenda Buseresere ukamlee Blessing. Watani zako tutakukosa. Na kuhusu yale madai yako, tumefanya uchunguzi wa kina, na hakuna aliyejitokeza. Tunakutakia maisha mema, pamoja na hayo yaliyozidi.

Hatibu Salmini
Fundi wa winchi, Kituo cha Uokoaji cha Mwabusiga